Naomba ushauri: instola imegoma, inasema GLIBC_2.34 haipo

Habarini wakuu, naombeni msaada nimekwama tangu jana usiku. Nina mashine ya Ubuntu 20.04 (mfumo endeshi wa Linux) hapa dukani, ndo inabeba stoo na mauzo yote, sasa nimeletewa vesheni mpya ya programu ya mauzo, nikaitoa ya zamani nikawasha instola, ikaanza kukagua mahitaji, diski sawa, ramu sawa, ilipofika kwenye laibrari (mafaili ambayo programu huyategemea) ikagoma: "libc.so.6: version GLIBC_2.34 not found", yaani inataka vesheni 2.34 ya GLIBC, laibrari ya msingi ya Linux iliyomo kwenye faili la libc.so.6. Nikacheki vesheni yangu kwa komandi ya ldd --version, niko 2.31. Yaani faili lenyewe lipo, nimeliona kwa macho, shida ni vesheni.

Nimefanya apt update na upgrade (komandi za kusasisha programu za Ubuntu), imebaki palepale. Jamaa mmoja kaniambia nikopi libc.so.6 kutoka mashine yenye Ubuntu 22.04, toleo jipya kuliko langu, niibandike juu ya hii, ila kwa kweli moyo unasita maana karibu kila komandi mpaka ls inategemea faili hilohilo, likivurugika sijui hata nitarudishaje, na bekapu niliyonayo kwenye flashi ni ya wiki iliyopita.

Sasa naomba kujua, kuna njia salama ya kuiendesha hii programu pembeni, mfano kwenye Docker (inayoendesha programu ndani ya boksi lenye laibrari zake) yenye 22.04, bila kugusa laibrari za mashine? Na kama dawa ni kupanda 22.04 moja kwa moja, data zangu za MySQL (programu ya hifadhidata) nizihamishe kwanza au zitabaki salama? Leo tumeandika risiti kwa mkono tangu asubuhi, nitashukuru sana kwa atakayenijibu mapema.