GTA San Andreas kwenye Windows 11: maus haigeuzi na Skimmer haipo

kiraka_tz
Wakuu habari za jioni, naombeni msaada. Nina laptopu mpya ya Windows 11, nikaweka gemu ya GTA San Andreas niliyonunua Steam (duka la gemu mtandaoni) zamani kabla hawajaitoa sokoni. Inafunguka vizuri ila maus haigeuzi kamera kabisa, picha imevutwa watu wote wamekuwa wanene, na nikizima frem limita (kikomo cha fremu kwa sekunde) ili iende laini basi CJ, yule mhusika tunayemchezesha, akiogelea haendi mbele utadhani kafungwa mawe. Halafu ile ndege ya kutua majini, Skimmer, siioni popote. Laptopu inacheza gemu za juzi juzi bila kukwama, hii ya 2005 inashindwaje?

fundi_wa_folda
Mkuu laptopu yako haina shida, hiyo gemu ilitengenezwa kwa mashine za wakati ule. Anza na maus: nenda Documents, fungua folda ya GTA San Andreas User Files, futa faili la gta_sa.set, ukiwasha gemu italiunda jipya (setingi zako utaweka upya). Hiyo frem limita naomba uirudishe na usiiguse tena, mahesabu mengi ya mwendo humo ndani yamefungwa kwenye idadi ya fremu, ndo maana ukiiachia kuogelea kunaharibika na magari yanakuwa ya ajabu. Kingine, toleo la Steam la 2014 kuendelea lilikatwa nyimbo kadhaa za redio na mods nyingi (nyongeza zinazotengenezwa na mashabiki) zinalikataa, kwa hiyo lishushe liwe 1.0, lile toleo la mwanzo. Ukimaliza weka ASI Loader (inayopakia mods kwenye gemu), SilentPatch (kiraka cha makosa ya gemu) na Widescreen Fix, vyote kwenye folda ilipo gta_sa.exe. SilentPatch inapandisha ile limita kutoka fremu 25 hadi 30, na Widescreen Fix ndo itakayoondoa huo unene.

nuru_wa_kodi
Naongezea kuhusu Skimmer maana hii naipenda sana. Tatizo limeanza na sasisho la Windows 11 liitwalo 24H2 lakini kosa ni la gemu, limekaa humo miaka yote. Kwenye vehicles.ide, faili la gemu lenye orodha ya vyombo vya usafiri, mstari wa Skimmer hauna vipimo vya magurudumu. Kwenye Vice City, GTA iliyotangulia, Skimmer ilikuwa imeandikwa kama boti, boti haihitaji magurudumu, San Andreas wakaifanya ndege ila vipimo wakasahau kuweka. Gemu ikikosa namba inachukua chochote kilichobaki kwenye memori, na Windows za nyuma kwa bahati zilikuwa zinaacha hapo namba zinazofaa. 24H2 ikabadilisha kinachobaki, ndege ikapotea, na ukiiita kwa skripti CJ anarushwa juu angani hadi ramani yote haionekani. Aliyefukua hili ni Silent, mwenye SilentPatch, na toleo jipya la patch yake linarekebisha. Kwa hiyo hakikisha hudaunlodi la zamani.

baharia99
Kwa nini usichukue Definitive Edition, ile iliyotengenezwa upya, ukaachana na haya yote?

fundi_wa_folda
@baharia99 ile ilivyotoka 2021 waliondoa ukungu, ukipanda juu kidogo unaona kutoka mji wa Los Santos hadi wa San Fierro kwa mpigo, dunia nzima ikawa ndogo. Mwishoni mwa 2024 walirudisha mwanga wa zamani na ikapendeza kweli, lakini mtu mwenye ya asili mkononi namshauri aitengeneze hiyo hiyo, nusu saa tu.

kiraka_tz
Jamani maus imerudi! Picha nayo iko sawa, na Skimmer nimeipanda sasa hivi, asanteni sana. Swali moja, Steam ikijisasisha si itafuta haya yote?

fundi_wa_folda
Inaweza kurudisha mafaili yake. Nakili folda nzima ya gemu uiweke nje ya Steam, ila siyo ndani ya Program Files, Windows inabana ruhusa za kuandika humo. Utakuwa unafungua gta_sa.exe moja kwa moja.