Hivi hizi kiki za muvi za kutisha huwa zinalipa kweli?

mpenda_giza: Wakuu habari za jioni. Jana naangalia klipu za besiboli ya Marekani, mchezo wenyewe siuelewi hata robo, ila kuna dada kakaa nyuma ya mpigaji, palepale kamera inapomulika kila mpira ukirushwa, anatabasamu tu. Watu pembeni wanapiga stori, yeye kaganda na meno nje. Kumbe kiki ya muvi ya Smile ya 2022, watu walilipwa wakakae hivyo viwanja tofauti. Sasa haya mambo yanajaza sinema au ni kuchezea hela?

babu_projekta: Smile ilitengenezwa kwa dola milioni 17 hivi ikaingiza zaidi ya milioni 200. Sisemi ni tabasamu peke yake, ila lilisaidia. Baba lao lakini ni William Castle, mtengeneza muvi za kutisha wa Marekani. 1958 kwenye muvi yake ya Macabre ukikata tiketi unapewa na bima ya dola 1,000 endapo utakufa kwa woga ukumbini 😂 Mwaka uliofuata kwenye The Tingler akafunga vimota chini ya viti, ikifika mahali picha inazimika, sauti inakwambia dude limetoroka limo humuhumu pigeni kelele, mara kiti kinatetemeka chini ya makalio. Na ni baadhi ya viti tu, kwa hiyo jirani yako anaruka na wewe hujui kaguswa na nini.

mama_wawili: Hizo za kuchekesha sina neno. Ila muvi ya Blair Witch ya 1999 walizidisha jamani, tovuti na makaratasi ya wanaotafutwa kana kwamba wale vijana watatu wamepotelea msituni kweli, mpaka mama wa dada mmoja kati ya hao watatu anatumiwa kadi za pole na mwanae yupo hai mzima. Mama yangu angeanguka palepale.

kijana_wa_bandani: Mtaani kwetu banda umiza walikuwa wanaandika ubaoni kwa chaki WENYE PRESHA NA WAJAWAZITO HAWARUHUSIWI. Siku hiyo mnabanana mpaka mlangoni. Ndani DJ anatafsiri kwa utani mwanzo mwisho, hakuna aliyeogopa, na mia mbili yako ndo imeenda.

mpenda_giza: Kwa hiyo wajawazito walikuwa wanarudishwa kweli?

kijana_wa_bandani: Wapi! Mke wa mwenye banda alikuwa na mimba ya miezi saba na ndo alikuwa anakusanya hela mlangoni.