Michoro ya juu kwenye Office haionekani, na nembo tuliyoiweka Excel haitoki kwenye karatasi

Mkaazi wa Tudor

Asalaam aleikum ndugu zangu. Ofisini hapa Moi Avenue tuna kompyuta sita: nne za Office 2019, mbili za Microsoft 365. Bosi ataka zote zifanane, ziwe na buluu ya nembo yetu pamoja na ile michoro inayokaa pembe ya juu ya dirisha la Word. Kompyuta mbili hazina kabisa sehemu ya kuchagua michoro. Pia nembo tuliyoiweka nyuma ya ankara za Excel yaonekana kwenye skrini, lakini tukichapisha haitoki. Na je, yawezekana kuweka nembo yetu pale juu badala ya mawingu na miduara?

Fundi wa Makupa

Wa aleikum salaam. Hapo kuna mambo matatu yaliyochanganyika: sura ya programu, mandhari ya hati (rangi na fonti, yaani aina za herufi, zinazotumika ndani yake), na picha iliyo nyuma ya ukurasa. Kila moja lina mahali pake pa kurekebishwa.

Michoro ya juu ni sura ya programu. Fungua File, kisha Account, uangalie Office Background. Sehemu hiyo huonekana tu mtu akiwa ameingia kwa akaunti ya Microsoft. Asipoingia, ataona Office Theme peke yake. Kwenye zile kompyuta mbili tazama juu kulia: pakiwa pameandikwa Sign in, tatizo ni hilo. Uchaguzi hufuata akaunti, si kompyuta, kwa hivyo kila mfanyakazi achague mara moja kwenye akaunti yake. Msije mkatumia akaunti moja kwa wote ili michoro ifanane, maana faili za OneDrive, hifadhi ya mtandaoni ya Microsoft, zitakuwa wazi kwa kila anayeketi hapo.

Nembo yenu pale juu haiingii. Orodha ni ile ile ya Microsoft: Clouds, Circuit, Tree Rings, Underwater na nyenginezo, au No Background. Rangi nazo ni chache: Colorful, Dark Gray, Black, White. Kwenye Office 2019 Colorful huipa Word buluu na Excel kijani, kwa hivyo buluu ya nembo msiitafute kwenye utepe, ile safu ya vitufe vya juu. Mimi ningechagua White au Colorful kwa wote, halafu nguvu zote niziweke kwenye hati, kwa sababu hati ndiyo anayoiona mteja.

Karani wa Kizingo

Nijibu la Excel. Picha inayowekwa kwa Page Layout, Background ni ya skrini tu. Haichapishwi, na hakuna pa kuilazimisha. Hujirudiarudia kama vigae hadi mwisho wa jedwali na kufanya tarakimu zisomeke kwa tabu. Iondoe kwa Delete Background.

Njia ya ankara ni kichwa cha ukurasa. Bonyeza Insert, Header & Footer, weka kishale kisanduku cha kati, kisha Picture. Utaona &[Picture] badala ya nembo, usishtuke. Kabla ya alama hiyo bonyeza Enter mara kadhaa ili nembo ishuke katikati ya karatasi. Halafu Format Picture: punguza ukubwa, na kwenye Color chagua Washout ili ififie. Ukirudi mwonekano wa Normal hutaiona, ila mwonekano wa Page Layout na karatasi zitaionyesha. Seli zilizopakwa rangi huifunika, hata zikipakwa nyeupe. Hapo chagua No Fill.

Kwa barua za Word ni rahisi zaidi: Design, Watermark, Custom Watermark, Picture watermark. Yachapishwa bila kugusa mipangilio mingine. Rangi ya Page Color ndiyo isiyotoka mpaka utie alama Print background colors and images ndani ya File, Options, Display, na kwa printa ya ofisi siipendekezi. Ni wino mwingi kwa faida ndogo.

Mkaazi wa Tudor

Shukran sana. Sasa hiyo buluu twaiingizaje kwenye hati bila kila mtu kuikisia kwa macho?

Fundi wa Makupa

Tengenezeni mandhari moja, muisambaze. Fungua PowerPoint, nenda Design, kishale cha Variants, Colors, Customize Colors. Kuna rangi 12: nne za maandishi na usuli, sita za kupambia, mbili za viungo vya mtandao. Buluu yenu iwe Accent 1, maana umbo jipya na safu ya kwanza ya chati huchukua hiyo. Andika namba zenyewe za nyekundu, kijani na buluu (RGB), kwa mfano 0, 84, 128, usichague kwa jicho. Baada ya hapo Fonts, kisha Themes, Save Current Theme. Utapata faili ya .thmx.

Inakili kwenye kila kompyuta, folda ya %appdata%\Microsoft\Templates\Document Themes. Word, Excel na PowerPoint zote zitaionyesha chini ya Custom.

Mambo mawili huharibu kazi hii. La kwanza, maandishi yaliyopakwa kutoka Standard Colors hayabadiliki mandhari ikibadilika. Ni safu ya Theme Colors pekee inayotii, kwa hivyo hati za zamani zitabidi zipakwe upya. La pili, .thmx hutaja jina la fonti tu, fonti yenyewe haimo. Kompyuta isiyo nayo itaweka nyingine na mistari itahama. Tumieni fonti inayokuja na Office, kama Calibri.

Ili hati mpya zianze na mandhari hiyo, kwenye Word ichague, kisha bonyeza Design, Set as Default. Excel haina kitufe hicho. Tengeneza kitabu kitupu (workbook) chenye mandhari, ukihifadhi kwa jina Book.xltx ndani ya %appdata%\Microsoft\Excel\XLSTART. Ctrl+N itakifuata, lakini Blank workbook ya ukurasa wa kwanza haikifuati. Basi uzime ukurasa huo: File, Options, General, ondoa alama kwenye Show the Start screen when this application starts.

Karani wa Kizingo

Nyongeza kwa walio na Microsoft 365: mkichagua Black, Word hugeuza hata karatasi kuwa nyeusi na rangi za nembo huonekana tofauti. Printa haiathiriki. Kuhakiki rangi, bonyeza View, Switch Modes. Na kompyuta iliyo karibu na dirisha linalopigwa na jua la alasiri isiwekwe Black, kwani skrini nyeusi huakisi kila kilicho nyuma yako.