Queen Greatest Hits ya biti 24: niongeze hela au CD inatosha?

Mwanzisha uzi: Wakuu, heshima kwenu. Naitaka Greatest Hits ya Queen, toleo la Uingereza la 1981, nyimbo 17. Kuna FLAC (faili la sauti lililobanwa bila kupoteza kitu) ya biti 16/44.1 kHz (sampuli 44,100 kwa sekunde), yaani kiwango cha CD, na ya biti 24/96 kHz ambayo bei imechangamka. Natumia simu ya Android na hedifoni za waya. Nitajuaje sijauziwa faili la CD lililovimbishwa?

Fundi Mizani: Mkuu, ulizia masta (rekodi ya mwisho inayotolewa nakala) kwanza, biti baadaye. Nyimbo hizo ni za 1974 hadi 1980, zilirekodiwa kwenye mkanda wa analogi. Biti 16 zinabeba desibeli 96, kutoka sauti ndogo kabisa hadi kubwa kabisa. Mkanda wa enzi hizo kwa kawaida hata 80 haufiki, chini ya hapo ni "shhh" tupu. Unachosikia tofauti ni kazi ya aliyeandaa masta. Rimasta (masta iliyoandaliwa upya) ya 2011 ni ya fundi Bob Ludwig. Ukiipata kwa 16/44.1, umepata karibu kila kitu.

Sikio la Pwani: Kukagua, buruta wimbo kwenye programu ya Spek, inayochora masafa ya sauti kwa rangi. Rangi ikikatika kama imepigwa rula kwenye 22 kHz, ukomo wa masafa ya CD, mwanzo hadi mwisho, hiyo imepandishwa kutoka CD. Lakini usishangilie kila rangi iliyo juu ya hapo: mstari mwembamba usiotikisika mara nyingi ni mlio wa mitambo. Tazama matoazi yanapogongwa, rangi ipande na kushuka nayo. Kagua nyimbo zote, maana albamu ya mkusanyiko huweza kuchanganya masta.

Waya Mbili: Halafu simu yenyewe. Android nyingi hugeuza kila kitu kuwa 48 kHz, hiyo 96 inaishia njiani. Utahitaji DAC ya USB (kifaa cha kugeuza dijitali kuwa sauti) na app ya USB Audio Player PRO inayoukwepa mfumo wa simu. Nafasi nayo: dakika 58 za 24/96 hula kama GB 1.2, za CD, MB 400 hivi.

Fundi Mizani: Ukibisha, chukua faili la 24/96, lishushe mwenyewe hadi 16/44.1 ukiweka ditha (kelele ndogo ya kuficha makosa ya kupunguza biti), kisha pima kwa ABX (jaribio la kutambua faili bila kujua ni lipi) ndani ya foobar2000, programu ya kucheza muziki kwenye kompyuta. Raundi 16, chini ya 12 sahihi, unabahatisha. Usilinganishe na faili la masta nyingine: yenye sauti kubwa kidogo tu itaonekana bora.

Mwanzisha uzi: Basi CD, hela inayobaki naweka kwenye DAC. Ukinzani wa hedifoni ni ohm 32.

Waya Mbili: Ohm 32 hata ka-DAC ka kidole kanaisukuma. Hakikisha kebo ni ya OTG (ya kuunganisha vifaa vya USB kwenye simu), ya kuchajia tu haitasomwa.