Kijiti cha nota kuelekea juu au chini kina maana gani?

MwimbajiMgeni ameuliza:

Habari zenu wanajukwaa. Nimezoea kuimba kwa solfa, na sasa ninajifunza kusoma nota za mistari mitano. Muda wa kila nota nimeuelewa kwa kiasi: semibrevi ni kichwa kitupu kisicho na kijiti, minimu ni kichwa kitupu chenye kijiti, krocheti kichwa chake kimejazwa wino, na kweva ni kama krocheti iliyoongezewa kibendera. Kinachonitatiza ni vijiti vyenyewe, kwa kuwa katika ukurasa mmoja vingine vinaelekea juu na vingine chini, ilhali nota zenyewe zinahesabiwa sawasawa. Kwenye karatasi ya kwaya nimeona hata kichwa kimoja chenye vijiti viwili, kimoja kikipanda na kingine kikishuka. Je, nota hiyo inaimbwa mara mbili? Naomba pia ufafanuzi kuhusu nukta, ambayo mara huwekwa kando ya nota na mara juu yake.

SautiYaPili amejibu:

Karibu sana. Nota yenye vijiti viwili haiimbwi mara mbili, bali huimbwa na sauti mbili kwa wakati mmoja. Kijiti cha juu ni cha soprano na cha chini ni cha alto. Katika stafu (mistari mitano) ya chini, kijiti cha juu ni cha tena, yaani sauti ya juu ya wanaume, na cha chini ni cha besi. Wewe fuata vijiti vya sauti yako tu.

MpigaKinanda amejibu:

Alichosema SautiYaPili ni sahihi kwa karatasi ambayo sauti mbili zinagawana stafu moja, lakini kikichukuliwa kuwa kanuni ya jumla kitampoteza mgeni siku atakapofungua muziki wa filimbi, ambao una sauti moja tu na bado vijiti vyake vinapinduka mara kwa mara.

Tuanze na stafu yenye sauti moja. Hapo kipimo ni mstari wa tatu, yaani ule wa katikati. Nota iliyo chini ya mstari huo hupewa kijiti kinachopanda, nacho hushikizwa upande wa kulia wa kichwa; iliyo juu yake hupewa kijiti kinachoshuka, nacho hushikizwa upande wa kushoto. Ile inayokaa kwenye mstari wenyewe kwa kawaida kijiti chake hushuka. Sababu ni usomaji tu: kijiti kina urefu wa karibu oktava moja (umbali wa kutoka do hadi do ya juu), kwa hiyo kama nota zote zingeelekezwa juu, zile za juu zingechomoza mbali nje ya stafu na kuingilia maneno au mistari ya ala nyingine. Mwelekeo huo hauongezi wala haupunguzi muda wa nota, na hauibadilishi sauti yake. Kibendera nacho hukaa upande wa kulia wa kijiti siku zote, kijiti kikiwa kimepanda au kimeshuka. Kweva zinapounganishwa kwa mstari mnene badala ya kibendera, kundi zima hufuata mwelekeo mmoja, na anayeamua ni ile nota iliyo mbali zaidi na mstari wa katikati. Ndiyo maana utakuta nota ya chini yenye kijiti kinachoshuka, kwa sababu tu imefungwa pamoja na jirani aliye juu sana.

Sauti mbili zinapokaa katika stafu moja, kanuni hiyo ya mstari wa tatu huwekwa kando na ile ya SautiYaPili huchukua nafasi yake. Namna ya kutambua uko kwenye hali ipi ni rahisi: ukiona nota ya mstari wa nne au wa tano, isiyofungwa na nyingine, ambayo kijiti chake kinapanda, basi jua kwamba mwandishi anatenganisha sauti. Alama za mapumziko nazo husogezwa juu au chini ili ijulikane ni sauti gani inayonyamaza. Semibrevi haina kijiti, kwa hiyo sauti mbili zikikutana kwenye semibrevi ileile, wachapishaji huandika vichwa viwili vilivyobanana kando kwa kando.

Kuna jambo la kihistoria ambalo mimi hulipenda, ingawa halitakusaidia kuimba. Zamani kijiti kilikuwa sehemu ya hesabu ya muda. Katika karne ya 13, kama inavyoonekana katika kanuni za Franco wa Köln, nota ndefu ilitofautishwa na iliyo fupi kwa kijiti chake. Na katika karne ya 14 minimu ilipata kijiti kilichopanda ili isichanganywe na semibrevi. Mpaka leo minimu na semibrevi bado zinatofautiana kwa kijiti.

Kuhusu nukta, hapa ndipo mtu anayetoka kwenye solfa anapaswa kuwa mwangalifu kuliko mahali pengine popote. Katika solfa nukta hugawa pigo katika nusu mbili. Katika stafu, nukta iliyo upande wa kulia wa kichwa huirefusha nota kwa nusu ya thamani yake. Krocheti ikiwa pigo 1, minimu ni mapigo 2, na minimu yenye nukta ni mapigo 3. Nukta ya pili, ikiwapo, huongeza nusu ya ile iliyoongezwa na nukta ya kwanza, kwa hiyo minimu hiyo itafika mapigo 3 na nusu. Nukta iliyo juu au chini ya kichwa ni kitu kingine kabisa: hiyo ni stakato, inayokutaka uikate nota mapema na kuiacha isigusane na inayofuata, bila kubadilisha hesabu ya baa (kipande cha muziki kati ya mistari wima miwili).

MwimbajiMgeni ameandika:

Nashukuru sana, hasa kwa hilo la nukta, maana nilikuwa nikiihesabu kwa mazoea ya solfa. Nina swali moja la nyongeza. Kama soprano na alto wanaimba sauti ileile, lakini soprano anaishikilia kwa mapigo 2 na alto kwa pigo 1, kichwa kitajazwa wino au kitaachwa kitupu?

MpigaKinanda amejibu:

Havitashirikiana kichwa. Kichwa kimoja hakiwezi kuwa kitupu na kilichojaa kwa wakati mmoja, hivyo huandikwa viwili, kando kwa kando, kila kimoja na kijiti chake. Usidhani kwamba kile cha kulia kinaimbwa baadaye. Vyote viwili huanza pamoja. Krocheti na kweva zinaweza kutumia kichwa kimoja, kwa kuwa zote zimejazwa, na kibendera kitaonekana kwenye kijiti cha sauti inayohusika tu.

SautiYaPili amejibu:

Naongeza hili kwa manufaa ya waimbaji wenzangu wa alto: upinde unaounganisha nota mbili za sauti ileile hurefusha nota ya kwanza, kwa hiyo ya pili hairudiwi kutamkwa; lakini ukiunganisha nota za sauti tofauti, maana yake ni kuziimba kwa mtiririko bila kukata pumzi. Katika stafu ya sauti mbili, upinde wa soprano huchorwa juu na wa alto chini, kufuatana na vijiti vyao.