Bahari inayowaka usiku + miezi miwili, nimezidisha?

mtunzi_wa_usiku: Wakuu habari za saa hizi, naandika hadithi ya fantasia, kuna bahari naiita Nuruni, usiku maji yanawaka meupe mpaka upeo wa macho na juu kuna miezi miwili. Mdogo wangu kasoma kaniambia eti hapo kwenye kuwaka nimetia chumvi sana. Nitoe?

kasia_kavu: Usitoe kitu. Januari 1995 meli ya Uingereza inayoitwa Lima ilipita usiku kwenye maji meupe kama maziwa, nje ya pwani ya Somalia, baadae wanasayansi wakakuta setilaiti iliyanasa usiku tatu mfululizo, eneo la kilomita za mraba kama 15,400. Inasemekana ni bakteria. Sio ule mng'ao wa buluu ukipiga kasia gizani, ule ni vijidudu vingine vinawaka vikisumbuliwa tu.

bibi_ngalawa: Mi shida yangu miezi jamani. Sisi tunao mmoja tu, ukiandama au ukiwa mpevu bamvua, yaani maji kujaa sana, linapanda mpaka linalamba ngazi, ukiwa nusu ndo maji mafu, hayapandi sana. Sasa miwili ikikaa mstari mmoja na jua, hao wavuvi wako si watazolewa na nyumba zao?? Weka kijiji juu ya majabali, na ngalawa zifungwe kamba ndefuu.

mtunzi_wa_usiku: Aisee kijiji nimekiweka mchangani kabisa 😂 ngoja nihamishe watu