Mjadala: Usuluhishi haujaisha, Serikali iruhusiwe kupiga mnada mali ya mdaiwa?

Wakuu, naomba tulijadili hili bila ushabiki, maana linagusa fedha za umma na haki ya mtu kusikilizwa.

Tuseme mkandarasi ana mkataba na taasisi ya Serikali. Mkataba umevunjika. Taasisi inadai irudishiwe malipo ya awali. Mkandarasi naye anasema kazi aliyokwishafanya inazidi fedha hizo. Mkataba wenyewe unaagiza mgogoro uende kwa msuluhishi, na msuluhishi ameshateuliwa. Kabla hajasikiliza hata shahidi mmoja, dalali anaingia yadi, anaandika namba za greda na malori, anabandika notisi ya siku 14 getini. Mkandarasi anakimbilia Mahakama Kuu kuomba zuio. Mtaani watu wanasema anakwepa deni la wananchi.

Mimi nasema mahakama imsimamishe dalali. Deni lenyewe ndilo linalobishaniwa, na taasisi haiwezi kuwa mdai, ikajihukumia, kisha ikakamata mali. Tuzo, yaani uamuzi wa msuluhishi, ikitoka kwamba mkandarasi hadaiwi, greda zitakuwa zimeshauzwa kwa bei ya kutupwa, na fidia pamoja na riba italipwa na huyu huyu mlipakodi tunayesema tunamtetea.

Kumbukeni Acacia, ile kampuni ya migodi ya dhahabu. Julai 2017 TRA iliwapelekea madai ya takriban dola bilioni 190, kodi pamoja na riba na adhabu, na kampuni za migodi zikawa zimefungua usuluhishi. Mwisho wake ulikuwa mazungumzo na Barrick, mmiliki mkuu wa Acacia: dola milioni 300, hisa asilimia 16 za Serikali, na Twiga, kampuni ya ubia ya Barrick na Serikali, ikazaliwa. Kama mitambo ya mgodi wao wa Bulyanhulu ingepigwa mnada mwaka ule ule, tungekaa mezani na nani, kuzungumzia nini?

Halafu kuna ile ndege yetu ya Airbus iliyoshikiliwa Johannesburg Agosti 2019. Yule mdai alikuwa na tuzo ya usuluhishi mkononi, si madai matupu. Hata hivyo Serikali ilikwenda mahakamani kupinga, Septemba ikashinda, na ndege ikaachiwa. Ilikuwa haki yake kabisa. Sasa kwa nini mkandarasi ambaye tuzo dhidi yake haijatoka aonekane mhalifu kwa kugonga mlango huo huo?

Najua hoja ya mawakili wa Serikali. Tangu kesi ya Atilio dhidi ya Mbowe, 1969, mwombaji wa zuio lazima aonyeshe, pamoja na mengine, kwamba atapata hasara isiyofidika. Nao husema hasara ya fedha hufidiwa kwa fedha. Kwa benki kubwa, sawa. Kwa kampuni inayoishi kwa greda zake, mnada ni kifo. Haitakuwa na hela ya kumlipa wakili wala ada ya msuluhishi, na shauri litakufa lenyewe. Isitoshe, Sheria ya Mashauri dhidi ya Serikali inazuia mahakama kutoa amri ya zuio dhidi ya Serikali yenyewe. Mwombaji huishia kupata tamko la haki zake. Tamko halizuii nyundo ya dalali.

Lakini wapo pia wanaotumia usuluhishi kama maficho. Anafungua shauri, anavuta miaka, huku anahamishia mitambo kwenye kampuni ya shemeji. Hao siwatetei. Ndiyo maana naona zuio liwe na masharti: dhamana ya benki, au mali isihamishwe wala kuuzwa hadi tuzo itoke. Kwenye kodi tayari tunao mfano: pingamizi halipokelewi mpaka ulipe kiasi usichobishia au theluthi ya kodi iliyokadiriwa, kipi ni kikubwa.

Hapo kwenye theluthi ndipo ninapotaka hoja zenu. Mkandarasi ambaye taasisi ile ile haijamlipa hati zake za kazi, yaani hati za malipo ya kazi aliyokwishafanya, ataitoa wapi theluthi? Hati ambazo mhandisi mshauri ameshazisaini zikubaliwe kuwa dhamana, au hapana? Mliowahi kusimamia mikataba ya Serikali, anzeni ninyi.